Likizo ya Miaka Ishirini

Nairobi,
6 Februari 2025

Kwa Bwana Adano Racho,
Mkurugenzi, Bodi ya Hospitali za Waso,
Isiolo.

Salaam aleikum, Baba Mdogo.

Nilikupigia simu mara mbili wiki iliyopita. Mara ya kwanza ulikuwa mkutanoni. Mara ya pili ulisema mambo ya ofisi yaandikwe kwenye karatasi, na kwamba hupokei malalamiko ya wafanyakazi kwa simu hata yakiwa ya mtoto wa ukoo. Kwa hiyo naandika.

Mshahara wangu wa Januari haukuingia. Nilidhani ni benki. Karani wa mishahara akaniambia si benki, ni agizo, na agizo limetoka kwako. Hakuwa na sababu ya kunipa.

Nakukumbusha kwa kifupi, maana una watu wengi wa kukumbuka. Mimi ni daktari wa bodi yako. Nilifanya kazi Garbatulla kabla ya kuja huku kusomea nusukaputi. Ruhusa ya masomo uliidhinisha wewe mwenyewe mwaka 2022: miaka minne, mshahara kamili, na nikimaliza nirudi kuitumikia bodi miaka mingine minne. Nisipomaliza, narudisha yote mliyonilipa. Mdhamini ni baba yangu, na dhamana aliyoweka ni ng'ombe wake, wale waliobaki baada ya ukame.

Karo naitoa kwenye mshahara huo. Chuo kinafunga usajili wa mtihani wa mwaka wa tatu mwisho wa Juni. Asiyelipa hafanyi mtihani, na asiyefanya mtihani anaondolewa. Swali langu ni moja: mshahara wangu umesimamishwa kwa kanuni gani?

Baba bado hajui. Ningependa ibaki hivyo mpaka unijibu.

Sadiya Guracha


Isiolo,
24 Februari 2025

Mwanangu Sadiya,

Aleikum salaam. Nakuandikia kwa Kiswahili na kwa mkono wangu. Barua za Kiingereza huingia kwenye faili, na mimi sitaki mtoto wa ndugu yangu Guracha awe na faili nene.

Kwanza, adabu. "Kwa kanuni gani" ni maneno ya wakili. Nilikuwa nafundisha shule ya msingi wakati hujazaliwa, na hata watoto wa darasa la tatu walikuwa wakiomba kwanza, wakauliza baadaye.

Pili, kanuni. Mfanyakazi wa serikali yuko kazini au yuko likizo. Hakuna mahali pa tatu. Wewe hauko kazini. Nilifika Garbatulla mwezi wa Novemba nikamkuta Daktari Lokwang peke yake, macho mekundu kama mtu aliyekesha akifukuza fisi. Basi uko likizo. Likizo ya mwaka ni siku thelathini. Maafisa wangu wamekaa, wamepiga hesabu ya siku zote za kazi ulizokuwa Nairobi, na wamegundua umekula likizo ya miaka ishirini. Ishirini, Sadiya! Hata ukirudi kesho, hutapumzika mpaka uwe nyanya. Bodi imekuonea huruma, haijakudai siku hizo. Imekuweka tu kwenye likizo bila malipo.

Tatu, ninyi madaktari mnapenda sana kusema mnasoma. Nani hasomi? Diploma yangu ya uongozi niliisoma jioni, baada ya kazi, hapa hapa Isiolo, na sikumwomba mtu anilipe kwa kukaa darasani.

Njoo nyumbani tukae kama familia. Uje na mama yako. Useme umekosea mahali, nami nitaona la kufanya. Mambo ya karatasi hayamalizi kitu.

Baba yako mdogo,
Adano Racho


Nairobi,
10 Machi 2025

Baba Mdogo,

Barua yako nimeisoma mara moja. Haikuhitaji mara ya pili.

Uliniambia niandike, nikaandika. Sasa unasema karatasi hazimalizi kitu. Nitaendelea kuandika, kwa sababu wewe ukiwa na karatasi mbele yako angalau huwezi kusema uko mkutanoni.

Darasani nakaa Jumatano asubuhi. Siku nyingine zote niko thieta ya hospitali ya serikali. Namlaza mgonjwa, namwangalia apumue, namwamsha, namwita mwingine. Kama hiyo ni likizo, nawaombea maafisa wako nao waipate.

Ruhusa ya masomo na likizo ya mwaka ni vifungu viwili tofauti katika kanuni za bodi yako. Viko kwenye kurasa mbili zinazotazamana. Mtu akifungua kimoja anaona kingine hata kama hataki. Kwa hiyo maafisa wako ama hawakufungua, ama walifungua na wakaona. Sijui lipi ni baya zaidi, na si kazi yangu kukuchagulia.

Nyumbani siji. Nikitoka hapa bila idhini ya chuo ndipo nitakuwa mtoro kweli, na sitaki kukusaidia hivyo. Mama yangu naye ana shughuli zake.

Kuhusu kuomba: niliomba mwaka 2022. Ukakubali, ukatia sahihi. Kitu nilichokwisha kupewa sikiombi tena.

Nakala ya barua hii nimepeleka kwa chama cha madaktari.

Sadiya Guracha


Garbatulla,
19 Aprili 2025

Daktari wa Kulaza Watu,

Habari ya mji mkuu? Nakuandikia karatasi kama mzee aliyestaafu kwa sababu kundi letu la WhatsApp lina watu watatu wanaopeleka maneno ofisini kabla tiki hazijageuka buluu. Barua hii inaletwa na Nurto, yule muuguzi wa wodi ya akina mama. Ana dada yake Eastleigh. Usimpe majibu ya mdomo, atayaongeza chumvi mpaka nisiweze kuyala.

Mkurugenzi wako alikuja Jumanne. Magari matatu kwa mtu mmoja. Moja lilikuwa jipya, viti bado viko kwenye plastiki. Alitukusanya pale wagonjwa wa nje wanapongojea, akatangaza: "Daktari Sadiya mwenyewe ameukataa mshahara wa bodi. Ameonja kliniki za matajiri, akasahau kwao."

Wauguzi wakaguna. Yule kijana wa maabara akauliza, "Amekataa kwa barua, mzee, ama amekataa kwa moyo?"

Mkurugenzi hakucheka.

Baadaye aliniita ndani ya gari lile la plastiki. "Lokwang, wewe ni mtu mvumilivu. Si kama hawa wa ukoo wangu wanaojiona. Nafasi ya masomo ya Sadiya iko wazi. Tia sahihi hapa kwamba uko tayari kuichukua." Kila nikisogea kiti kinalia kama nimekalia mfuko wa krispi, kwa hiyo nilikaa bila kusogea, na nadhani alifikiri ni heshima. Nilimwambia anipe siku chache.

Sasa nakuuliza wazi, maana tumefanya kazi kwa tochi moja mimi na wewe: ni kweli? Umeacha? Miaka mitatu naomba ruhusa ya kusomea upasuaji, na miaka mitatu naambiwa ngoja Sadiya arudi. Kama umeacha niambie, sitakasirika. Nitakasirika kama umeacha na mimi bado nakungoja hapa kama mbuzi nje ya bucha.

Jambo jingine, na si la kukutisha. Mwanzo wa mwezi aliletwa mama kutoka malishoni, mtoto amekaa vibaya tumboni. Kupasua najua. Wa kumlaza hakuna. Yule ofisa wa nusukaputi tuliyekuwa naye alihamishwa mwaka jana. Tukampakia kwenda Isiolo mjini, na barabara unaijua. Mama yuko hai. Mtoto hapana. Kwenye ripoti nimeandika sababu ni umbali. Sababu nyingine hawapendi niandike.

Stephen Lokwang


Nairobi,
2 Mei 2025

Stephen,

Nurto amefika. Majibu ya mdomo sikumpa. Alikaa muda mrefu akiyangoja, akanywa chai vikombe viwili, akaenda.

Sijaacha. Mshahara sikuukataa, ulisimamishwa. Sababu niliyopewa ni kwamba nimemaliza likizo ya miaka ishirini. Soma tena ukitaka, hukukosea.

La kliniki ni kweli nusu. Tangu Machi nafanya zamu kwenye kliniki ya mtu binafsi nikitoka hospitali, kwa sababu mwenye nyumba yangu haelewi likizo bila malipo ni nini. Kwa hiyo Adano amekisia sawa, baada ya kunisukuma huko mwenyewe. Kazi hiyo inatosha kodi na chakula. Kwa karo haitoshi. Usajili unafungwa mwisho wa Juni, na nikikosa mtihani ng'ombe wa baba ndio watakaolipa.

Karatasi yake usiitie sahihi kwa haraka. Sisemi hivyo kwa ajili yangu. Muulize kwanza kama ruhusa anayokupa ina mshahara.

Yule mama wa malishoni: sina la kusema litakalomsaidia mtu. Nilisoma mstari huo, nikaenda thieta, nikafanya kazi.

Ukimwona baba yangu sokoni usimwambie. Nimemwambia mshahara umekwama kwenye mtambo wa malipo, na kwa kuwa ni serikali amekubali bila swali. Anamwita Adano ndugu. Akijua ukweli itabidi aamue, na sitaki aamue.

Sadiya


Isiolo,
20 Mei 2025

Mwanangu Sadiya,

Habari njema. Tatizo lako nimelimaliza, ingawa uliniandikia kama mtu anayemwandikia mwizi wa kuku.

Nilimtembelea baba yako. Nilimweleza kwamba Nairobi imesimamisha mishahara ya madaktari wote wanaosoma, na kwamba nimepigana nao mpaka sauti ikanikauka. Alisikitika sana, mzee wa watu. Nikamwambia, Guracha, wewe si yatima, ukoo uko. Nimeitisha busa gonofa. Unaijua, au Nairobi imekusahaulisha? Mtu wa ukoo akimaliziwa mifugo, ukoo hukaa, kila mwenye nacho hutoa mnyama, na aliyeanguka anasimama tena. Niliwaambia wazee kwamba siku hizi ng'ombe wa msomi ni mshahara wake. Walilipenda sana neno hilo. Nitalirudia siku yenyewe.

Tutakaa Garbatulla, Jumamosi tarehe 14 Juni, kwenye ukumbi wa shule. Wa kwanza kutoa ni mimi: mtamba mwekundu, ana baka jeupe kwenye paji la uso, amenona. Kutakuwa na mpiga picha, na watu wa redio wameahidi. Uchaguzi wa 2027 si mbali, na wananchi wanataka kujua ni nani anayewajali wasomi wetu. Wewe utasimama kando yangu, umejifunika vizuri, utasema maneno machache ya shukrani. Mambo ya vifungu uyaache huko huko.

Kabla ya siku hiyo uandikie chama chako kwamba umeondoa malalamiko. Haifai mtu apokee mtamba kwa mkono mmoja na kushtaki kwa mwingine.

Ungeniomba kwa adabu mwezi wa Februari, haya yote yangekwisha kimya kimya. Lakini labda Mungu alitaka watu waone.

Na usidhani nafasi yako haina mwenyewe. Rafiki yako Mturkana ametia sahihi kuichukua. Yeye hakuuliza kwa kanuni gani.

Baba yako mdogo,
Adano Racho


Nairobi,
30 Mei 2025

Stephen,

Naambiwa umetia sahihi. Kama ni kweli, hongera, na barua hii uisome kama ya kazi.

Adano ameitisha kikao cha ukoo wetu tarehe 14. Anataka kunichangia mifugo mbele ya watu kwa sababu ya mshahara aliouzuia mwenyewe, na nisimame kando yake nipigwe picha. Siji. Nina zamu siku hiyo, na hata bila zamu nisingekuja.

Nilikosea kumficha baba. Ukimya wangu Adano ameutumia vizuri kuliko nilivyoutumia mimi: amekwenda nyumbani kwetu, amenywa maziwa yetu, amesema ni Nairobi. Nataka baba aambiwe kabla ya kikao kwamba si Nairobi, ni Adano. Nikimwambia kwa simu atafikiri nimechoka na nina hasira, atanituliza. Wewe huna ukoo kwetu, huna cha kupata wala cha kupoteza. Na wewe ndiye uliyemshona mguu ng'ombe alipomchoma pembe. Anakuheshimu.

Kama unaiogopa sahihi yako, niandikie "hapana", neno moja tu. Nitatafuta mtu mwingine.

Sadiya


Garbatulla,
16 Juni 2025

Daktari wa Kulaza Watu,

Nitukane kwanza, ndipo uendelee kusoma. Nilitia sahihi. Barua yako ya mwanzo wa Mei ilinikuta nimekwisha kuitia. Miaka mitatu, Sadiya. Kalamu ilitembea yenyewe.

Halafu nikafanya ulivyosema, nikampigia Mkurugenzi. "Mzee, hii ruhusa yangu ina mshahara?" Akasema, "Ni kama ya Sadiya." Nikamwuliza, "Sadiya wa 2022 ama Sadiya wa mwaka huu?" Akakata. Nilienda Isiolo, nikamwambia karani nimesahau kuandika tarehe, akanipa karatasi yangu, nikatoka nayo. Sasa imekunjwa mara nane na inazuia dirisha la choo changu lisigongegonge. Ndiyo kazi ya maana iliyowahi kufanywa na karatasi ya ofisi ile.

Baba yako nilimwendea Jumatatu iliyotangulia kikao. Nilimkuta kwenye birika akinywesha ng'ombe. Alinisikiliza mpaka mwisho, akauliza kitu kimoja: "Sadiya anajua umekuja?" Nikasema ndiye aliyenituma. Akasema, "Haya," akarudi kwa ng'ombe wake. Nilirudi nikisema moyoni kwamba mzee hakuelewa kitu. Nimekuambia ili ujue kwamba na mimi ni mjinga.

Jumamosi nilikaa nyuma karibu na mlango. Kiborana changu unakijua, cha kuuliza "inauma wapi", lakini kwa kusikiliza kinatosha.

Mkurugenzi alikuja na magari yake yote. Mtamba alifungwa utepe shingoni. Utepe, Sadiya, kama gari la harusi. Kabla kikao hakijafunguliwa kwa dua, mtu wako akasimama. "Ndugu zangu, mimi sina maneno mengi," akayasema mpaka watoto wakalala. Ng'ombe wa msomi ni mshahara wake, na kadhalika. Akamvuta mtamba mpaka mlangoni, mpiga picha akapiga. Watu wakapiga makofi, si mengi.

Mwenyekiti alikuwa mzee Halake, yule mwenye duka la dawa za mifugo. Akasema, "Adano, keti. Hatujauliza."

"Hatujauliza nini, mzee?"

"Umekalia kiti cha ofisi mpaka umesahau? Ukoo hautoi mnyama kabla ya kuuliza ni nini kilichomaliza wale wa kwanza. Ukame, ugonjwa, ama mtu. Kama ni uzembe wa mwenyewe, hatutoi. Kama ni mtu, tunataka kujua ni nani."

Mkurugenzi akacheka. "Ni serikali, mzee. Serikali na ukame si kitu kimoja?"

"Sikukuuliza wewe. Wewe hujapoteza kitu."

Baba yako akasimama. Hakupaza sauti, sisi wa nyuma ilibidi tuiname. "Si ukame," alisema. "Si ugonjwa. Mshahara wa binti yangu umezuiwa na mtu mmoja, na mtamba wake ndiye huyo mlangoni."

Mpiga picha alikuwa bado anapiga. Mtu akamwambia aache.

Mkurugenzi akasema ni uongo, ni maneno ya yule Mturkana wa nyuma. Ukumbi mzima ukageuka. Nikainua mkono kama mtoto aliyetajwa na mwalimu, sijui kwa nini.

Baba yako akasema, "Basi apa. Apa hapa kwamba agizo hukuliandika wewe."

"Guracha, hayo ni mambo ya ofisi. Hayahusu ukoo."

Halake akamwuliza, "Kama ni mambo ya ofisi, mtamba amefuata nini hapa?"

Angenyamaza pale angepona nusu. Lakini akaanza kuwaeleza likizo yako ya miaka ishirini. Kweli, aliwaeleza! Nani yuko kazini, nani yuko likizo, hakuna mahali pa tatu. Anawaeleza watu wa ng'ombe. Mzee mmoja mwenye jino moja akamkatiza: "Nikimtuma mwanangu fora, kule mbali, na ng'ombe wangu, simwoni hapa nyumbani mpaka mvua. Akirudi nimwambie alikuwa anapumzika? Nimnyime maziwa?" Wakacheka, na hata madereva wake walicheka.

Mtamba wake walimkataa. Sikujua kama inawezekana. Halake alisema mnyama wa aliyechukua haingii kwenye zizi la aliyechukuliwa. Arudishe kwanza alichozuia, halafu aje kutoa kama ndugu. Wengine wakatoa, wengi kuliko nilivyotarajia mwaka kama huu. Karo yako ipo na itakufikia kabla usajili haujafungwa. Lakini usifurahi haraka, kuna sharti. Wamesema hii si zawadi ya kuondokea. Ukimaliza unarudi hapa Garbatulla, si Isiolo mjini. Yule wa jino moja alisema, "Wake zetu wanazaa huku."

Mkurugenzi aliondoka bila kuaga. Pikapu iliyomleta mtamba ilikuwa ya kukodi, ilishaenda. Kwa hiyo mtamba alibaki pale mlangoni na utepe wake, na hakuna mtu wa ukoo aliyekubali kushika kamba, maana kuishika ni kama kumpokea. Hata maji hakupewa. Mwishowe nilimpa mimi, kwa sababu mimi sina ukoo. Sasa yuko nyuma ya wodi ya wanaume, anakula majani. Wagonjwa wanamwita Mkurugenzi.

Stephen


Isiolo,
7 Julai 2025

Kwa Daktari Sadiya Guracha.

Bodi imepitia upya hali yako. Imeonekana kwamba maafisa wa chini walihesabu ruhusa ya masomo pamoja na likizo ya mwaka kwa bahati mbaya. Maafisa hao wameonywa. Mshahara wako unarudishwa kuanzia mwezi huu. Wa miezi iliyopita utaangaliwa bajeti ikiruhusu.

Hayo ni ya ofisi, na ya Kiingereza utayapata. Linalofuata ni langu binafsi, ndiyo maana nimeandika kwa mkono.

Kuna mtamba wangu anashikiliwa katika uwanja wa hospitali bila idhini yangu. Nimetuma watu wawili kumchukua; wote wawili walifika Garbatulla wakapata udhuru. Wazee hawapokei simu zangu. Baba yako anapokea, ananisikiliza, anasema "haya", anakata. Nakuomba umwagize Daktari Lokwang ampakie mtamba huyo kwenye gari lolote linalokuja Isiolo, wakati ambao hakuna watu wengi.

Mambo haya yamekuzwa bure. Mimi nilikuwa nataka kukusaidia.

Adano Racho


Nairobi,
18 Julai 2025

Bwana Mkurugenzi,

Barua yako imefika. Nimefanya mtihani na nimepita. Mwaka wa nne unaanza Septemba.

Mshahara wa mwezi huu sijauona. Ukiingia nitakuandikia. Kuhusu wa miezi iliyopita, nimetafuta "bajeti ikiruhusu" katika kanuni za bodi na sikuiona. Mzee Halake ananiambia kikao kitauliza jambo hilo kila kinapokaa, na kwamba kinakaa mara nyingi. Malalamiko yangu kwa chama yako pale pale.

Maafisa wa chini hawakuniandikia. Uliniandikia wewe.

Kuhusu mtamba, sina uwezo wa kumwagiza Daktari Lokwang. Yeye ana wagonjwa. Ila nimelitazama suala lako kwa kanuni ulizonifundisha. Mnyama yuko kazini au yuko likizo, hakuna mahali pa tatu. Mtamba huyo hayuko kwako, kwa hiyo yuko likizo. Siku zake thelathini zilikwisha tarehe kumi na nne mwezi huu. Sasa yuko likizo bila malipo, na majani ya nyuma ya wodi, naambiwa, yamekwisha. Njoo umchukue mwenyewe. Mchana. Kamba yake hakuna mwingine atakayeishika, na njia ya kutoka hospitali inapita sokoni.

Mwakani narudi Garbatulla, na miaka minne niliyotia sahihi nitaitumikia yote. Siku nitakayoripoti, Daktari Lokwang ataondoka kwenda kusomea upasuaji, kwa mshahara kamili, na idhini utaitia sahihi wewe.

Likizo yangu ya mwaka nitaichukua kila mwaka. Katika ile miaka ishirini mliyonihesabia, sijapumzika hata siku moja.

Dkt. Sadiya Guracha